Kuagiza Matunda ya Kopo kwa Soko la Rwanda: Mwongozo kwa Anayeanza

Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu watu milioni 13.2 nchini Rwanda, na milioni 1.7 kati yao wanaishi Kigali. Mfanyabiashara mgeni akizisoma takwimu hizo hujawa na matumaini, lakini wanunuzi halisi wa matunda ya kopo ni wachache sana: hoteli, viwanda vidogo vya mikate na keki, migahawa, maduka makubwa ya Kigali, na familia chache zenye uwezo. Kwa sababu hiyo, wengi walioshindwa katika biashara hii hawakushindwa kwa bei. Walishindwa kwa sababu waliingiza kontena zima la bidhaa moja katika soko ambalo lingelimaliza kontena hilo kwa karibu miaka miwili. Maelezo yanayofuata yanaanzia kwa mlaji, siyo kiwandani, kwani katika nchi ndogo mlaji ndiye anayepanga ukubwa wa oda.

Hatua ya kwanza: tambua kile ambacho sokoni hakipo

Kabla ya kuomba bei kwa mtu yeyote, nenda soko la Kimironko jijini Kigali asubuhi uone kilichotandazwa: mananasi, mapera, maembe, parachichi, karakara, na yale matunda mekundu yenye umbo la yai ambayo Wanyarwanda huyaita ibinyomoro. Mwenye hoteli anayeweza kupata nanasi bichi kila siku, tena likiwa limekwisha menywa akipenda, hatalipa bei ya kopo bila sababu maalumu. Sababu hiyo mara nyingi ni usawa wa vipande: mwokaji wa keki anataka duara kumi zinazolingana unene, na mtengeneza piza anataka vipande visivyotoa maji mengi juu ya unga.

Nafasi pana zaidi iko kwa matunda ya nchi za baridi ambayo mkulima wa Rwanda hayapeleki sokoni kwa wingi, yaani pichi, pea, aprikoti, cheri, na ule mchanganyiko wa matunda unaoliwa na malai baada ya chakula. Maoni yangu ni kwamba oda ya kwanza iegemee pichi na mchanganyiko, nanasi lifuate kwa kiasi, na cheri ziwe katoni chache tu za waokaji, kwa kuwa kopo moja la cheri hupamba keki nyingi na mteja harudi haraka.

Usitosheke na majibu ya mdomo. Meneja wa ununuzi akiulizwa jikoni kwake kunatumika makopo mangapi kwa wiki, hutaja idadi ya wiki aliyokuwa na mkutano mkubwa. Kigali ni mji wa mikutano, hasa tangu jumba la Kigali Convention Centre lilipofunguliwa mwaka 2016, na matumizi ya hoteli hupanda na kushuka kwa kufuata ratiba hiyo. Mwombe kwa heshima akuoneshe stoo, kisha uangalie mambo mawili: tarehe zilizopigwa kwenye makopo yaliyo nyuma kabisa ya rafu, na vumbi. Kopo lenye vumbi nene na tarehe ya miaka miwili iliyopita limekwisha kujibu swali lako.

Hatua ya pili: piga hesabu ya miezi, siyo ya katoni

Matunda ya kopo ni mazito, na kontena la futi 20 hufikia kikomo cha uzito kabla ya kujaa. Katoni ya makopo 24 ya gramu 825 hukaribia kilo 23 pamoja na bati na boksi, hivyo katoni 900 ni takriban tani 21, ambazo kwa kawaida zinatosha kwa safari ya barabarani. Katoni 900 ni makopo 21,600.

Sasa chukua maduka 40, ambayo si machache kwa Kigali, na uchukulie kwamba kila duka linauza makopo 24 ya bidhaa yako kwa mwezi. Hayo ni makopo 960 kwa mwezi. Ukigawanya 21,600 kwa 960 unapata miezi 22 na nusu. Ikiwa kopo lina maisha ya miaka mitatu tangu siku ya kufungwa, na miezi minne imepita kiwandani, baharini na barabarani, basi makopo ya mwisho yatafika rafuni yakiwa yamebakiwa na miezi isiyozidi kumi, na hakuna duka litakaloyapokea bila kudai punguzo. Katika muda huo wote fedha yako imelala ghalani, na riba ya benki hailali.

Hesabu hii ndiyo inayomlazimisha mwagizaji wa nchi ndogo kuchagua moja kati ya njia tatu: kuagiza kontena la mchanganyiko lenye aina tano au sita kutoka kiwanda kimoja, kushirikiana kontena na mwagizaji mwingine, au kuanza na mzigo wa lori kutoka nchi jirani. Kwa anayeanza ninapendekeza njia ya tatu bila kusita.

Inafaa kuongeza neno kuhusu wanunuzi wa ng'ambo ya mpaka wa magharibi. Kwa miaka mingi wafanyabiashara wa Goma na Bukavu walichukua sehemu ya mizigo iliyoingia Rwanda, na wapo wanaokuambia uwaweke kwenye hesabu. Tangu mapigano ya mwanzoni mwa mwaka 2025, ambayo yalifanya benki za Goma kufungwa, mauzo hayo yahesabiwe kuwa bahati ikitokea, wala yasiongeze hata katoni moja kwenye oda.

Hatua ya tatu: chagua chanzo kwa kufuata tunda

Kwa nanasi, chanzo cha karibu ni Kenya, ambako kiwanda cha Thika kimesindika mananasi kwa miongo mingi. Vyanzo vya mbali ni Thailand, Ufilipino na Indonesia, ambavyo ni miongoni mwa wauzaji wakubwa duniani. Kwa pichi, pea na aprikoti utaangalia Afrika Kusini, hasa jimbo la Western Cape, au Ugiriki na China kwa pichi. Machenza yaliyomenywa na kuwekwa katika kopo hutoka China kwa sehemu kubwa.

Viwanda vya pichi hufanya kazi kwa msimu. Afrika Kusini huvuna kuanzia Desemba hadi Machi, na Ugiriki huvuna wakati wa kiangazi chao hadi Septemba, kisha makopo hukaa ghalani yakiuzwa mwaka mzima. Ukinunua kutoka Cape Town mwezi Novemba, unanunua mabaki ya mavuno ya mwanzo wa mwaka, kwa hiyo maisha ya kopo yamepungua kabla hujalilipia. Katika kila oda andika sharti kwamba tarehe ya uzalishaji isizidi miezi mitatu kabla ya kupakiwa, na muuzaji akishindwa kulitimiza, tarehe hiyo iwe sababu ya kujadili bei upya.

Hatua ya nne: lijue kopo lenyewe

Hapa ndipo ningemtaka mwagizaji akae muda mrefu kuliko mahali pengine popote, kwa kuwa hasara nyingi za biashara hii huwa zimefungwa ndani ya bati kabla meli haijang'oa nanga.

Anza na uzito. Lebo huonesha uzito wa jumla, yaani tunda pamoja na maji yake, na uzito wa tunda baada ya kuchujwa. Unachouza ni tunda. Niliwahi kuletewa sampuli mbili za nanasi, zote za gramu 565, na moja ilikuwa nafuu kwa kiasi cha kunifurahisha. Nilizimimina kwenye chujio, nikaziacha dakika mbili, nikapima: moja ilitoa gramu 342 za vipande, na ile ya bei nafuu gramu 290, na maji yaliyobaki kwenye bakuli yalikuwa mengi kiasi kwamba mke wangu aliuliza kama nimenunua nanasi au sharubati. Kwa kila gramu ya tunda, ile ya bei nafuu ndiyo iliyokuwa ghali. Kwa hiyo omba bei kwa uzito uliochujwa, na upime mwenyewe makopo matatu au manne ya kila aina.

Pili ni shira. Mwongozo wa Codex, yaani viwango vya kimataifa vya chakula, huzipanga shira kwa kipimo cha Brix, ambacho huonesha kiasi cha sukari: shira nyepesi huanzia 14 na kuishia chini ya 18, na shira nzito huanzia 18 na kuishia chini ya 22, yapo pia makopo yanayotumia juisi ya tunda au maji. Hoteli zenye wageni wanaojali afya huulizia ya juisi, ilhali waokaji hupenda shira nzito kwa sababu huitumia kulowesha keki. Usiagize aina moja kwa wote wawili.

Tatu ni bati. Pichi, pea na nanasi mara nyingi hufungwa kwenye bati lisilopakwa rangi kwa ndani, kwa kuwa stani, madini yanayofunika uso wa ndani wa kopo, huyeyuka kidogo kidogo na kulifanya tunda libaki na rangi angavu. Matunda mekundu kama cheri na stroberi huhitaji bati lililopakwa, maana stani huichujua rangi yao. Kikomo cha Codex cha stani katika vyakula vya kopo visivyo vinywaji ni miligramu 250 kwa kilo, na kopo lisilopakwa lililokaa kwenye joto kwa muda mrefu huusogelea mpaka huo. Ndiyo sababu nyingine ya kutotaka makopo yakae miaka miwili kwenye ghala la mabati, na ndiyo sababu unapaswa kuwaeleza wapishi kwamba kopo likifunguliwa, kilichobaki kihamishiwe kwenye chombo kingine.

Nne ni jambo ambalo wauzaji wa pwani hawalifikirii kabisa, nalo ni mwinuko. Kigali iko kiasi cha mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, na shinikizo la hewa huko ni dogo kuliko la Bangkok au Cape Town. Kopo lililofungwa pwani likiwa na ombwe dogo, yaani hewa ya ndani ikiwa imeondolewa kidogo tu, hufika Kigali mfuniko wake ukiwa umenyanyuka kidogo, na ukiubonyeza unarudi kwa mlio wa tak. Tunda linaweza kuwa zima kabisa, lakini hakuna mkaguzi wala mteja anayepaswa kuambiwa akubali kopo lililovimba, kwani uvimbe huohuo ndio dalili ya kuharibika. Makopo makubwa ya kilo tatu, yanayopakiwa sita kwa katoni kwa ajili ya mahoteli, huathirika zaidi kwa sababu mfuniko wake ni mpana na mlegevu. Mweleze muuzaji kwa maandishi kwamba mzigo utauzwa kwenye mwinuko wa mita 1,500, umtake akupe kipimo cha ombwe la makopo, na umwombe sampuli uzipandishe Kigali kabla ya kulipa. Thika nayo iko kwenye mwinuko unaokaribiana na huo, kwa hiyo makopo ya huko hayana tatizo hili.

Hatua ya tano: kamilisha vibali kabla ya mzigo kuondoka

Kampuni husajiliwa katika Bodi ya Maendeleo ya Rwanda, RDB, na namba ya mlipakodi hupatikana papo hapo. Kazi inayochukua muda iko kwa Rwanda FDA, mamlaka ya chakula na dawa iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 2018, ambayo hushughulikia leseni ya ghala na vibali vya kuingiza chakula kilichosindikwa. Wapelekee mchoro wa lebo kabla haujachapishwa. Lebo ioneshe jina la bidhaa, viungo, uzito wa jumla na uliochujwa, jina na anwani ya mtengenezaji, nchi ya asili, namba ya toleo, na tarehe za uzalishaji na mwisho wa matumizi, kwa kufuata kiwango cha Afrika Mashariki EAS 38. Lebo iliyoandikwa Kithai au Kichina peke yake itakukwamisha, na kubandika karatasi juu ya makopo 21,600 mpakani ni adhabu ambayo sitaki kuieleza kwa urefu.

Tahadhari pia na vifungashio. Rwanda ilipiga marufuku mifuko ya plastiki mwaka 2008 na kupanua marufuku hiyo mwaka 2019 hadi plastiki za kutumika mara moja, hivyo uliza mapema kama makopo yanayofungwa manne manne kwa nailoni yatahitaji ruhusa ya pekee. Katoni ya karatasi haina maswali.

Hatua ya sita: hesabu kodi kwa uangalifu

Matunda yaliyosindikwa yapo chini ya namba ya forodha 2008: nanasi ni 2008.20, pea 2008.40, aprikoti 2008.50, cheri 2008.60, pichi 2008.70, na mchanganyiko 2008.97. Ushuru wa pamoja wa Jumuiya ya Afrika Mashariki una ngazi nne tangu Julai 2022, yaani asilimia 0, 10, 25 na 35. Kwa matunda ya kopo kutoka nje ya jumuiya panga bajeti yako kwa ngazi za juu, na wakala wako wa forodha akuoneshe mstari kamili kwenye kitabu cha ushuru cha mwaka huo, kwa kuwa nchi wanachama huomba mabadiliko kila Julai.

Chukua mzigo wenye thamani ya dola 20,000 pamoja na bima na nauli. Ukitozwa asilimia 35, ushuru ni dola 7,000, na kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 18 inayotozwa juu ya 27,000 ni 4,860. Mzigo huohuo ukiwa na cheti cha asili cha Afrika Mashariki hautozwi ushuru, na kodi ya ongezeko la thamani ni 3,600. Aliyesajiliwa kwa kodi hiyo hurudishiwa kupitia mauzo yake, ilimradi kila risiti itoke kwenye EBM, mfumo wa risiti za kielektroniki, kwa hiyo tofauti ya kudumu ni zile 7,000. Juu ya hayo mizigo ya nje ya jumuiya hulipa tozo ya miundombinu, na inayotoka nje ya Afrika hulipa pia ile ya Umoja wa Afrika ya asilimia 0.2. Mwagizaji asiye na hati ya kutodaiwa kodi, inayojulikana kwa jina la quitus fiscal, hukatwa asilimia 5 nyingine ya thamani ya mzigo. Anayeanza huwa hana hati hiyo, basi hiyo dola 1,000 aiweke pembeni mapema.

Upo mtego unaowanasa wengi. Katoni za pichi ya Ugiriki zilizonunuliwa kwa muuzaji wa jumla Nairobi hazigeuki kuwa bidhaa za Kenya kwa sababu ya kulala kwenye godauni la Industrial Area. Cheti cha asili hutolewa kwa kilichozalishwa ndani ya jumuiya kwa masharti yake, na pichi hiyo itatozwa ushuru Rwanda hata kama muuzaji ameapa kwamba alikwisha kuulipa Mombasa. Kwa bidhaa za Afrika Kusini, uliza habari za Eneo Huru la Biashara la Afrika, ambalo mkataba wake ulitiwa saini Kigali tarehe 21 Machi 2018. Afrika Kusini ilianza kusafirisha chini ya utaratibu huo Januari 2024, na ushuru hupungua kwa awamu kulingana na orodha ya bidhaa.

Hatua ya saba: safirisha

Njia ya kati hutoka Dar es Salaam kupitia Morogoro, Dodoma, Singida na Isaka hadi Rusumo. Njia ya kaskazini hutoka Mombasa kupitia Nairobi na Kampala. Mpaka wa Gatuna, kati ya Uganda na Rwanda, ulifungwa Februari 2019 hadi mwisho wa Januari 2022, na waliokuwa na wakala wa njia moja tu walijifunza kwa gharama kubwa, kwa hiyo uwe na wakala anayefahamika kila upande. Chini ya utaratibu wa Afrika Mashariki wa himaya moja ya forodha, tamko na malipo hufanyika Rwanda wakati kontena bado liko bandarini, kisha lori husafiri likiwa na lakiri hadi Kigali, mara nyingi kwenye bandari kavu ya Masaka.

Kontena ni mali ya kampuni ya meli na kwa kawaida lazima lirudishwe tupu bandarini. Kabla ya kulipia nauli ya bahari, jadili siku za bure, yaani za kukaa na kontena bila kutozwa, zisizopungua 21, kwa kuwa zile wanazopewa waagizaji wa pwani hazimtoshi mtu wa Kigali. Wapo wanaoamua kuvunja kontena Dar es Salaam na kupakia katoni kwenye lori la turubai ili kukwepa dhamana ya kontena. Kwa matunda ya kopo sishauri, kwa sababu kila kushushwa na kupakiwa huongeza makopo yaliyobonyea, na mvua moja ya Biharamulo hutosha kulowesha lebo.

Hatua ya nane: pokea mzigo na upange oda inayofuata

Siku ya kushusha uwepo wewe mwenyewe, pamoja na kamera ya simu. Piga picha lakiri kabla haijakatwa, kisha ufungue katoni za mlangoni, za katikati na za mwisho, maana unyevu hujikusanya tofauti. Kopo lililobonyea ubavuni huuzwa kwa punguzo. Lililobonyea kwenye mshono, lililovimba au lenye kutu inayoacha shimo liharibiwe mbele ya mashahidi, tena liandikwe. Ripoti hiyo yenye namba za matoleo ndiyo utakayoipeleka kwa bima na kwa muuzaji, na muda wa kuwasilisha madai huwa mfupi.

Baada ya hapo hesabu mauzo kila wiki kwa kila aina, bila kuyachanganya. Kutoka kuthibitisha oda Asia au Ulaya hadi makopo kufika rafuni Kigali ni miezi mitatu hadi minne, na kutoka Thika ni wiki mbili au tatu. Kwa hiyo aina ya mbali iagizwe upya inapobaki akiba ya miezi mitano, na ya Thika inapobaki ya wiki sita. Aina ambayo baada ya miezi sita bado ina zaidi ya nusu ya katoni zake, iuzie waokaji kwa bei ya hasara kabla tarehe haijakaribia, na uiondoe kwenye orodha ya oda inayofuata.